Hukumu ya Meza ya Chakula

Jaji amekufa. Habari nimezisoma kwenye simu, nimesimama foleni ya mkate pale Al Baraha, hapa Dubai, na mbele yangu bwana mmoja akibishana na mwokaji juu ya mkate uliobabuka. Gazeti la kwao Uskoti limempa nusu ukurasa na picha yake: wigi, joho jeupe lenye misalaba myekundu, na ule mdomo wake uliobanwa kana kwamba anaogopa utapitisha neno la bure. Wameandika kwamba alikuwa mtu wa kusikiliza. Wameandika kwamba katika miaka ishirini ya ujaji hakuwahi kupandisha sauti, kwamba aliwajali wanyonge, na kwamba baada ya kustaafu alikwenda Dubai kuendelea kuitumikia haki katika mazingira magumu. Mazingira magumu! Villa ya vyumba sita Al Warqa, bustani inayomwagiwa maji asubuhi na jioni, na kiyoyozi kikali mpaka mwenyewe anavaa sweta ya sufu mwezi wa Agosti. Nilicheka kwa sauti, peke yangu, kama mwehu. Mwokaji akaniuliza, "Shu fi, arbab? Kuna nini?" Nikamjibu kuna mtu amefariki. Akasoma inna lillahi, akanichagulia mkate mzuri. Yule mwokaji hakujua kwamba rambirambi yake ilikwenda mahali pasipostahili, na mimi sikuwa na moyo wa kumwambia airudishe.

Nilimfanyia kazi mwaka mmoja, treni ikiwa bado haijafika Rashidiya. Nilikuwa na miaka ishirini na sita. Sasa nakaribia hamsini, nina ofisi ya uwakili yenye jina langu mlangoni na wateja wananiita ustadhi, na kila nilicho nacho kinatoka mwaka ule. Ndiyo maana sijawahi kuusimulia vizuri. Nimeusimulia kwa kuuremba, kwenye karamu na kwa wanangu, kama mwaka nilioketi chini ya mtu mkubwa nikajifunza sheria kutoka kinywani mwake. Ukweli ni kwamba ndani ya mwaka huo mwanamke mmoja asiye na kosa alipokonywa jina lake jema ndani ya nyumba ile, na mimi nilikuwepo, nimevaa shati safi, na mdomo ninao.

Kabla ya hapo nilikuwa karani kwenye ofisi ya uchapaji na tafsiri huko Deira. Kazi yetu ilikuwa kunakili hati za watu: vyeti vya ndoa, mikataba, barua za talaka. Kanuni yetu ilikuwa moja, na bosi aliirudia kila asubuhi kama dua: karani haachi kitu. Kama kuna mhuri uliofifia, utaje. Kama mtu ameandika pembeni kwa kalamu, andika kwamba pembeni pana maandishi, na uyanakili. Ukiacha nukta, karatasi inarudishwa na mteja anakuja kukutukana. Siku moja akaingia mama mmoja wa Kizungu, mrefu, mwenye penseli iliyoshikilia nywele zake, akataka mtu wa kumchapia mumewe kitabu cha maisha yake. Bosi akaninyooshea kidole. Hivyo ndivyo nilivyofika Al Warqa, na yule mama ndiye niliyemwita Madam mwaka mzima, kwa sababu nyumba yote ilimwita hivyo.

Chumba cha kazi kilikuwa nyuma ya ngazi, mapazia yamefungwa mchana kutwa ili Jaji asahau yuko wapi. Mlikuwa na meza, kiti chake cha ngozi, kompyuta yangu, na masanduku mawili ya mabati yaliyojaa madaftari meusi. Kila kesi kubwa aliyoisikiliza ilikuwa na daftari lake, limeandikwa kwa mkono wake pale pale kwenye kiti cha enzi. Makampuni yaliyogombana juu ya minara na mabomba yalimkodi mara mbili tatu kwa mwezi akawaamulie. Siku nyingine zote alikuwa akinitamkia maisha yake. Alitembea mikono nyuma, hatua nne kwenda, hatua nne kurudi, akisita kabla ya kila neno zuri ili lisipite bila kuonekana. Baba yake alikuwa mchuuzi wa samaki wa kukaushwa kwa moshi katika mji mdogo wa pwani. Hiyo nilipewa sentensi moja. Jina la baba sikupewa. Nilipouliza, maana nilitaka kuliandika, aliniambia, "Wasomaji hawatalihitaji." Halafu tukaenda moja kwa moja chuo kikuu, uwakili, joho, wigi, chakula cha jioni na fulani, chakula cha jioni na fulani mwingine. Mtu aliyeyasikiliza maisha yale kutoka mwanzo hadi mwisho angedhani haki ya Uskoti ilitolewa mezani, kati ya supu na nyama.

Nilimwita my lord. Majaji wa kwao huitwa Lord wakiwa kazini, na yeye hakuona sababu ya kuliacha jina hilo uwanja wa ndege. Siku ya kwanza aliniambia, huku akitabasamu kana kwamba ananipa zawadi, kwamba hapa nyumbani "hatushikilii sana mambo hayo, lakini my lord inatosha." Nikaitikia. Aliyekataa ni Mwanaisha. Mwanaisha alikuwa mpishi na mfanyakazi wa nyumba, mwanamke wa Kisauni, Mombasa, miaka thelathini na kitu, mfupi, mwenye sauti ya kupita ukuta. Alinikalisha kwenye stuli ya jikoni siku hiyo hiyo, akanisogezea mbaazi za nazi na mahamri aliyoyapika kwa ajili yake mwenyewe, akaniambia, "Mimi namwita sir. Hilo lord hata anilipie ndege ya kwenda Makka silisemi. Nikishasema lord hapa jikoni, nikiingia kuswali nitamwita nani?" Jaji alikuwa amemwambia mara mbili, akachoka, akaliacha. Nadhani hakumsamehe. Kuna watu husahau deni lakini hawasahau heshima waliyonyimwa na mtu wa jikoni.

Chakula cha nyumba ile kilikuwa cha adhabu. Asubuhi uji wa shayiri uliotiwa chumvi, ambao Jaji aliula amesimama, eti ndivyo ilivyo desturi. Mchana sandwichi za kupunguzwa kingo. Ijumaa mguu wa kondoo uliochemka katika mafuta yake, pamoja na mchuzi wa nanaa mtamu kama dawa ya kikohozi. Mwanaisha alivipika vyote barabara, akivionja kwa ncha ya ulimi na kukunja uso. Mimi nilikula jikoni. Kupitia dirisha dogo la kupitishia sahani nilisikia mazungumzo ya meza. Siku moja Madam aliuliza kama karani mpya anafaa. Jaji akajibu, "Anaandika haraka, na hafikirii." Mwanaisha hakuwa na Kiingereza kingi lakini hicho alikielewa, akanitazama, akaniongezea mbaazi.

Sharti niyaeleze mambo mawili ya sheria ya kwao, kwa sababu ndiyo yaliyomwangamiza Mwanaisha, na kwa sababu Jaji aliyapenda kuliko alivyompenda mkewe. La kwanza ni kwamba kwao neno la shahidi mmoja halimfungi mtu, hata shahidi huyo awe mcha Mungu namna gani. Lazima apatikane wa pili wa kumuunga mkono. Nilimwambia kwamba hata katika dini yetu twajua mashahidi wawili. Akasema, "Ya kuvutia," akatazama saa. La pili ni kwamba mahakama yao ilikuwa na hukumu tatu: ana hatia, hana hatia, na haikuthibitika. Ukipewa hiyo ya tatu unakwenda zako nyumbani, hufungwi, lakini hakuna aliyesema wewe ni msafi. Jaji aliitetea kwa kurasa kumi na moja. Aliiita hukumu ya watu wazima. Nilipomweleza Mwanaisha jikoni, aliuacha unga aliokuwa akiukanda.

"Sasa huyo mtu atoka kortini vipi? Msafi au mchafu?"

"Anatoka tu, dada."

"Kwa hivyo wamemrudishia mwili wake, jina wamebaki nalo wao."

Nasikia sasa bunge lao limeifuta hukumu ile. Mwanaisha aliifuta ndani ya nusu dakika, mikono imejaa unga.

Mwezi wa Oktoba kila mtu mle ndani alikuwa akingoja karatasi kutoka kwa Jaji. Mkataba wa Mwanaisha ulikuwa unakaribia kwisha, na familia moja ya Kizanzibari ya Rashidiya, watu wa miaka mingi hapa, walikuwa wamekwisha kumwonja mkono wake kwenye harusi wakamtaka. Walichohitaji ni barua ya kafeel, mdhamini wake wa kazi, kumruhusu ahame, na neno lake jema. Kafeel alikuwa Jaji. Bila barua ile angerudishwa Kenya na njia ya kurudi ingefungwa kwa muda. Jaji alikuwa ameahidi kuisaini. Mimi nami nilikuwa na yangu: barua ya kunipendekeza chuo kikuu alichosoma yeye, nikasome sheria. Aliahidi siku moja akiwa na furaha, kisha akaiweka ahadi ile mbele yangu, umbali wa kuiona tu, kila nilipotaka kuondoka mapema.

Ikafika sura ya kesi yake maarufu. Kijana mmoja alishitakiwa kuchoma nyumba akaua mtu, ushahidi ukawa askari wawili waliosema walimsikia akikiri. Watu kumi na watano wa baraza, ambao ndio wanaoamua kwa sheria ya kwao, walimkuta na hatia. Jaji akampa miaka mingi, na kijana alifia gerezani kabla hajaimaliza. Jaji aliniambia nitoe majina na siku kutoka kwenye daftari la kesi hiyo, yeye ana simu na London. Nikafanya kama nilivyofundishwa Deira. Karani haachi kitu. Nikachapa ukurasa mzima, na nilipokuta maandishi ya pembeni, ya mkono ule ule wa Jaji, nikaandika "pembeni," nikayachapa. Yalisema: Askari wa pili anadanganya, amekaririshwa. Nikiwaambia baraza, kesi itaanguka. Chini yake, kwa wino ule ule: Chakula cha jioni saa moja na nusu, tai nyeusi.

Alizichukua kurasa akazisoma amesimama. Sikuwa nimewahi kumwona akikaa bila kutafuta kiti, lakini siku hiyo alikaa juu ya sanduku la bati. Akaniuliza, "Umechapa hii kwa nini?" Nikamwambia ndiyo iliyokuwepo, my lord. Akaniambia niifute kwenye kompyuta mbele ya macho yake. Nikaifuta. Wallahi, wakati ule nilimhurumia. Nilidhani namwona mzee aliyegundua dhambi yake. Nilikuwa mjinga, alichokuwa akikifikiria ni namna ya kuiondoa karatasi.

Kesho yake nilifika mapema. Kutoka getini nikaona moshi bustanini. Jaji alikuwa kwenye jiko la kuchomea nyama, na sweta yake, ameshika koleo, na kwenye makaa jalada jeusi lilikuwa likijikunja. Niliona nambari ya kesi kwa macho yangu. Kati yetu na upande wa jikoni palikuwa na kamba ya nguo, mashuka yametandazwa. Nikasema, "Good morning, my lord." Akageuka, akanitazama kwa muda, akajibu, "Good morning, Nassor. Majani makavu." Nikaelekea ndani. Nyuma yangu nilimsikia Mwanaisha akitoka kwenye kamba mbio, "Sir, kitabu! Sir, kitabu chaungua!" Alidhani mzee amechanganyikiwa. Alikuja na taulo aliokoe. Jaji akamnyooshea mkono, akamwambia, "Khalas, khalas," yaani basi, neno pekee la Kiarabu alilojifunza kwa miaka yote aliyokaa hapa.

Wiki mbili zikapita. Kisha mchapishaji akaandika kwamba anataka picha ya ukurasa mmoja wa daftari la kesi ile. Madam, ambaye alikipenda kile kitabu kuliko mwenyewe, akalitafuta daftari katika masanduku yote mawili, chini ya vitanda, mpaka kwenye gari. Akamuuliza mumewe. Nilikuwepo, nimekaa kwenye kompyuta, vidole hewani. Jaji hakusita hata kidogo, yeye ambaye husita kabla ya kila neno. Alisema, "Nililiacha juu ya rundo la magazeti ya zamani. Mwulize mwanamke wako wa jikoni anayapeleka wapi magazeti." Madam alitoka akikimbia.

Ningeweza kulisema pale pale. Nimejiambia mara nyingi kwamba sikupata nafasi. Nilipata nafasi ya siku mbili nzima, maana kesi ilisikilizwa Ijumaa.

Ilisikilizwa kwenye meza ya chakula, baada ya mguu wa kondoo, sahani hazijatolewa. Wazo lilikuwa la Jaji. Mwanaisha alikuwa amemwambia Madam wazi kwamba aliyelichoma daftari ni sir mwenyewe, na Madam alirudi mezani amefura, hajui amwamini nani. Mtu mwingine angekana tu, au angekiri. Yeye alisema, "Jambo hili litasikilizwa ipasavyo," na nikaona uso wake ukichangamka. Alisogeza bakuli la nanaa, akaweka karatasi na kalamu mbele yake. Alimwambia Mwanaisha asimame mkabala naye. Mimi akanifanya mkalimani, akaniapisha, mkono juu ya msahafu mdogo niliokuwa nao kwenye mfuko wangu, nitafsiri kwa ukweli na bila kuacha kitu. Mshitaki, jaji na mwenye hatia wote walikuwa kwenye kiti kimoja, wakila.

Mwanaisha alieleza vizuri. Siku, saa, koleo, taulo, khalas. Hakulia. "Mwambie mimi sikutupa kitabu cha mtu," akasema. "Magazeti nayafunga kwa kamba, naweka kando ya geti, na kila rundo nalitazama kwanza kwa sababu Madam huacha barua zake humo. Mwambie kitabu kilikuwa motoni, na yeye ndiye aliyekiweka." Nikatafsiri, neno kwa neno. Ilikuwa tafsiri safi.

Jaji akaandika. Kisha akaeleza, kwa sauti ya upole ambayo gazeti limeisifu, kwamba kuna neno la shahidi mmoja, na neno la shahidi mmoja halitoshi, hilo si yeye anayelisema bali ni sheria iliyolinda watu wake kwa mamia ya miaka. Akauliza kama kuna mwingine aliyeona. Akanigeukia. "Nassor, wewe hufika mapema. Siku hiyo uliona chochote?"

Ajabu ni kwamba hakuniogopa. Alikwisha kunipima tangu siku ile ya majani makavu. Barua yangu ilikuwa kwenye mtoto wa meza, imechapwa na mimi mwenyewe, haijasainiwa. Nikasema kwa Kiingereza kizuri, "Sikuona chochote, my lord."

"Mtafsirie," akasema.

Nikamgeukia Mwanaisha. Niliyatazama mabega yake, uso sikuuweza. "Nimesema sikuona kitu, dada."

Kisha akasema, "Haya," kama mtu aliyeambiwa chumvi imekwisha dukani.

Jaji akatoa hukumu. Haikuthibitika kwamba mwanamke huyu amelitupa daftari. Haikuthibitika pia kwamba hakulitupa. Hataitwa polisi, hatakatwa chochote, atapewa tikiti yake. Ila yeye kama kafeel, kwa dhamiri safi, hawezi kusaini barua ya kumsifu mtu ambaye jambo lake limebaki hivyo. Alilitumia neno dhamiri, mdomo una mafuta ya kondoo. Madam aliangalia kitambaa cha meza. Mwanaisha aliomba kitu kimoja tu, na nilikitafsiri: karatasi inayosema hakuiba wala hakuharibu. Jaji akatikisa kichwa kwa huzuni ya kitaalamu. "Hilo ndilo hasa tusiloweza kusema," akanijibu, akamwomba Mwanaisha alete kahawa. Na aliileta.

Nilimpeleka uwanja wa ndege kwa teksi siku ya Jumanne. Nilidhani atanitukana na nilitaka anitukane. Aliongea habari za sufuria yake, aliyoisahau kwenye kabati la juu, akaniagiza nimpe mfanyakazi atakayekuja. Barua yangu ilisainiwa wiki hiyo hiyo. Mama alipika pilau akaita majirani wa jengo zima, na wanawake wakapiga vigelegele kwenye korido kwa ajili yangu. Kitabu cha Jaji kilitoka, na nakala niliyopewa ina sahihi yake ndani; kesi maarufu imo, safi, bila pembeni. Watu wa kwao waliokisoma walimpigia makofi. Nami nikaenda Uskoti, nikasoma sheria katika baridi ile, nikafaulu mtihani wa ushahidi kwa alama za juu kabisa. Mhadhiri aliniuliza nimeielewaje vizuri namna hii kanuni ya mashahidi wawili. Nikamwambia nilikuwa na mwalimu mzuri.

Namdharau Jaji. Nimemdharau miaka yote hii kwa raha, kama mtu anayetafuna kungumanga, kwa sababu kumdharau kulinipumzisha. Yeye alikuwa mwoga mwenye joho, nikasema, aliyemwacha kijana akafie ndani asichelewe chakula, kisha akamtoa kafara mpishi wake ili kitabu kipendeze. Yote ni kweli. Lakini alihitaji shahidi wa pili anyamaze, na hakulazimika hata kuniomba.

Nambari ya Mwanaisha nilipewa miaka sita iliyopita na mtu wa Kisauni. Sikuipiga. Asubuhi ya leo, mkate chini ya kwapa, nimeipiga nikiwa bado kwenye ngazi za jengo. Aliitika kwa sauti ile ile. Anapika biriani za harusi sasa, ana wajukuu. Nikamwambia Jaji amekufa. Akasema, "Mungu atamjua yeye mwenyewe." Nikamwambia kwamba siku ile niliona. Nilikuwa nimeyapanga maneno mengi. Yalitoka hayo tu, na kilio cha aibu cha mtu mzima.

"Najua uliona," akasema. "Nilikuwa nyuma ya mashuka, Nassor. Nilikusikia ukimwamkia. Gudi moningi mai lodi."

Nikamuuliza kwa nini hakulisema mbele ya Madam.

"Ili iweje? Ningesema ulikuwepo, ungekana na hilo pia. Nilikutazama nikaona wakana tu. Nikasema basi, nisimzidishie mtoto wa watu." Nikasikia kifuniko cha sufuria. Kisha akaniambia jambo ambalo sikuwahi kujiuliza: aliporudi Kisauni, wakala aliyempeleka alieneza kwamba amerudishwa kwa mambo ya wizi, maana hakuwa na karatasi ya kumkanusha. "Miaka minane, kaka. Naitwa kupika harusi, nikimaliza wanahesabu vijiko. Mbele yangu. Wahesabu, wanifungulia mlango. Watoto wangu wakiona."

Nikamwambia nitamwandikia karatasi, yenye mhuri wa ofisi yangu, kwa Kiingereza na Kiarabu. Akacheka, na kwa mara ya kwanza nikasikia hasira yake, ile niliyoitaka kwenye teksi.

"Kiingereza cha nini? Jaji kafa. Kisauni nani asoma Kiarabu cha ofisi? Wewe ulinikana kwa Kiswahili, nimesimama nakutazama. Andika kwa Kiswahili. Na jina langu utie lote, si Mwanaisha tu kama paka wa jikoni."

Basi. Mwanaisha binti Athumani Bakari, wa Kisauni, hakuiba kitu na hakutupa kitu. Daftari lilichomwa na mwenyewe, asubuhi, kwa koleo, na mimi Nassor nilisimama hatua kumi kutoka pale, nikaona.